Vioo vya Ukweli Ulio Njiani

Mgiriki alikuwa amekaa juu ya kasha lake pale stesheni ya Tabora, kofia mkononi, akiulaani mji mzima kwa lugha tatu, na katika hizo tatu Kiswahili ndicho kilichompa matusi yaliyonyooka zaidi.

"Watu gani hawa!" alifoka. "Nimewaletea vioo vya maonyesho. Kimoja kinakufanya mnene, kimoja kinakufanya mrefu, kimoja kinakuweka kichwa chini miguu juu. Nimepiga tarumbeta, nimewaambia njooni mcheke, vioo vyangu vinasema uongo! Hakuja mtu. Hata mwizi hakuja!"

Aliyekuwa akiambiwa hayo ni Masolwa, aliyekodiwa siku ile kupakia makasha. Lakini Masolwa hakuwa hamali, jamani, msimvunjie heshima. Alikuwa mtu wa mipango, ila mipango yenyewe ndiyo iliyokuwa imemfikisha kwenye uhamali. Kwao ni Tura, stesheni ndogo ya mashariki, ukitoka Tabora unaelekea Dar es Salaam. Aliondoka hapo wakati vita vya Hitla vinakwisha, kwa ajili ya binti mmoja aitwaye Koleta. Baba yake Koleta, Mzee Shilinde, hakumkatalia. Alimwekea sharti tu.

"Nenda Dar," alimwambia, "lakini usirudi kwangu kwa miguu. Rudi na baiskeli. Halafu shangazi wa binti atakuja kukutazama, na akikupitisha yeye, mimi ni nani nikuzuie?"

Koleta mwenyewe alimfuata nyuma ya ghala la mtama akamwambia maneno mengine kabisa. "Hata ukija kwa miguu, njoo. Ila usichelewe." Masolwa, kama walivyo wanaume wengi wa mipango, alimsikia baba vizuri kuliko binti.

Dar alikaa, akaosha sahani za hoteli, akajifunza kusema. Baiskeli hakuipata. Treni iliyomrudisha ilipofika Tura juma lililopita, alimwona Koleta kwa macho yake, pale chini, akiwauzia abiria karanga. Badala ya kushuka, akaingia chini ya benchi akajifunika gunia mpaka treni ikaondoka. Ndivyo alivyofika Tabora. Moyo ulimuuma njia nzima, akaapa kwamba siku atakayopita Tura tena atashuka na baiskeli, au hashuki kabisa.

Sasa, Mgiriki akiwa bado anafoka, karani mmoja wa reli, mtu mkavu, suruali kaifunga kwa kamba, akapita mbele ya kasha lililokuwa wazi. Akajiona kiooni: mashavu yamejaa, tumbo liko mbele, bwana mkubwa mwenye nafasi yake. Karani akasimama. Akanyoosha tai. Akakohoa kikohozi cha wakubwa, kisha akaondoka kwa mwendo ambao hakuja nao.

Masolwa hakucheka, kwa sababu aliona kuwa karani naye hakucheka. Karani alipendezwa.

"Bwana mkubwa," akamwambia Mgiriki, "kosa lako ni moja. Umewaambia watu vioo vinasema uongo. Nani atoe mali yake aambiwe uongo? Uongo tunao majumbani, wa bure."

"Wewe ungewaambia nini?"

"Mimi? Mimi mbeba makasha tu, sina la kuwaambia. Nipe ujira wangu." Na ujira huo akautaka kwa vioo. Mgiriki, ambaye nauli ya makasha ilikuwa inamkosesha usingizi, alimshukuru mpaka akamwongezea tarbushi nyekundu iliyokuwa ya mpiga tarumbeta wake.

Kesho yake, katika ua wa Bi Batuli, mpika vitumbua wa mtaa wa Ng'ambo, akatokea mtu mwingine kabisa. Kanzu nyeupe, tarbushi nyekundu, na miwani isiyo na vioo, maana vioo vyote vilikuwa kazini. Jina lake Mwinyi Kondo wa Gerezani kule Dar, Mzaramo halisi, fundi wa vioo, mtoto wa fundi wa vioo. Uzaramo huo Masolwa aliuvaa kwa makusudi. Nani Tabora angeamini mwujiza unaotoka Tura? Tura wanaijua, inatoa karanga. Lakini kitu kikitoka Dar, hata kikiwa kikohozi, watu wanakigombania.

Watu wakajaa uani mpaka kuku wa Bi Batuli wakahamia kwa jirani.

"Wanyamwezi nyie!" alianza Mwinyi Kondo. "Mmebeba pembe za wenyewe kutoka hapa mpaka pwani, vichwa vikawa bapa kama sinia. Leo Mzaramo kawahurumia, kawaletea kitu cha kubeba kwa macho!"

"Na nyinyi mlikuwa mnatungoja pwani mtuuzie maji ya kisima!" alijibu mzee mmoja wa Kipalapala. "Fanya upesi, mtani, kabla hatujakuuza wewe!"

Ua ukaangua kicheko. Huo ndio utani, ulioanza zamani za misafara, Mnyamwezi akishuka pwani na Mzaramo akimpokea kwa maneno. Mtani atakutukana ucheke. Atakuvua kofia aivae yeye, nawe utamshukuru. Na siku ya msiba ndiyo mwenye amri: atachukua viatu vya marehemu, atalala kaburini agome kutoka mpaka apewe kitu, na atakayekasirika ndiye mwenye makosa. Masolwa aliyajua hayo tangu ananyonya. Alidhani amejichotea ule upande mtamu tu.

"Nawauliza," akaendelea, "treni ya Dar imeshaondoka Dar. Hapa mnaiona?"

"Hatuioni."

"Basi haipo?"

"Ipo njiani!" wakajibu watu wa reli kwa pamoja.

"Ahaa! Na unene wa mbuzi wako, bwana, uko wapi? Uko njiani! Cheo chako, mzee, kiko wapi? Kiko njiani! Wajinga wanasema vioo hivi ni vya uongo. Vioo hivi vinaonyesha ukweli ulio njiani. Na kitu kikikaa mbele ya kioo, ukweli wake unakaza mwendo."

Akafunua cha kwanza, Neema, kinachonenepesha. Mbuzi wa watu, mbavu nje, akasogezwa mbele, na kiooni akatokea beberu wa sikukuu. Watu wakashika vichwa. Akafunua cha pili, Cheo, kinachorefusha, na vijana wafupi wakaanza kusukumana. Cha tatu kilikuwa kimefunikwa kaniki nyeusi, na hapo Mwinyi Kondo alishusha sauti.

"Hiki kinaitwa Pindua. Msikiguse. Atakayeonekana humu kichwa chini, mambo yake yote yanakwenda kichwa chini. Tajiri anakuwa maskini, mzima anakuwa marehemu. Nimekuja nacho kwa ajili ya watu wenye maneno maneno."

Watu wenye maneno maneno wakarudi nyuma. Hapo ndipo utakapomvulia kofia Masolwa: wezi wengine huhangaika kutafuta pa kukimbilia mwenye mali akija kudai, yeye alimtisha mwenye mali mapema.

Masharti yalikuwa mepesi. Kitu chako unakiacha stoo kwa Bi Batuli, mbele ya Neema, mpaka kifike. Usije kuchungulia, kwa sababu kitu kikitazamwa na mwenyewe kinaona haya kuota. Watu wakaleta. Wakaleta kuku, wakaleta vikapu vya matobolwa, viazi vitamu vilivyokaushwa, na watu wa Ipole waliokuja mjini kuuza nta, badala ya kuiuza wakaiacha yote stoo, mikate kwa mikate, wakarudi kwao wanaimba.

"Mwinyi," Bi Batuli alimwambia jioni hiyo akichota mafuta, "mimi unga wangu huumuka kwa hamira. Wa kwako unaumuka kwa maneno. Usije ukaungulia kwangu."

"Bi mkubwa, tutaumuka wote."

"Mimi nimeshaumuka vya kutosha. Nitazame."

Siku ya tatu akaja Mzee Mfaume, mwenye duka la nguo pale sokoni. Mama yake Mfaume alikuwa Mnyamwezi wa Kwihara, mtwanga mtama kama wenzake, lakini baba alikuwa na damu kidogo ya Kiarabu, na Mfaume aliitumia ile kidogo mpaka tone la mwisho. "Sisi Waarabu wa Muskati," ndivyo alivyoanza kila sentensi, hata ya kuomba chumvi. Alikuja na jora la marekani chini ya kwapa, na kiooni akaliona limekuwa kama majora matatu. Macho yakamtoka.

"Kioo hiki ni cha kukaa dukani kwangu," alisema. "Si cha kukaa na mbuzi wa washenzi."

"Mzee Mfaume, hiki ni cha umma. Nikikitoa, umma utanila mimi nyama."

"Sisi Waarabu wa Muskati hatuna umma. Sema unataka nini."

Masolwa akatazama mawinguni, akatazama chini, akautazama ukuta. Ukuta ulikuwa umeegemewa na baiskeli ya Mfaume, nyeusi, mpya, yenye kengele na tandiko la ngozi. Alikuwa ameshaiona tangu inakata kona ya msikiti.

"Mimi sitaki mali," alisema kwa unyonge. "Ila miguu yangu inaniuma."

Neema kikahamia dukani siku hiyo hiyo. Mfaume akafunga duka ili majora yasione haya, akawa anawafukuza wateja kwa fimbo. Stoo kwa Bi Batuli kikabaki Cheo, na waliouliza wakaambiwa kwamba mali yao imeshanenepa ya kutosha, sasa inarefuka.

Baiskeli! Usiku ule Masolwa alilala ameikumbatia. Alijiona anashuka Tura, anaipiga kengele, Mzee Shilinde anavua kofia, na Koleta, ah, Koleta anaacha karanga zake zimwagike. Alipanga kuondoka kwa treni ya Ijumaa, na nta yote ya Ipole aende nayo iwe kianzio cha nyumba. Aliifikiria mikate ile na wenyewe walivyoondoka wakiimba, akasikia kitu kidogo kinamchoma mahali fulani, akajigeuza upande wa pili.

Alhamisi asubuhi alikuwa anakunywa chai ameupa mlango mgongo. Nyuma yake sauti ya mama mtu mzima ikasema, "Mwangaluka."

Mwenzangu, mtu aliyelelewa Unyamwezi haisikii salamu hiyo kwa masikio. Anaisikia kwa magoti. Kikombe kikatua chini chenyewe, magoti yakalegea, viganja vikakutana, pa, pa, kama alivyofunzwa na mama yake. Pa ya tatu ndiyo iliyomzindua. Akaimalizia hewani kwa nguvu, karibu na sikio lake.

"Mbu," alisema akigeuka.

"Mbu wa asubuhi," alisema yule mama. "Poleni sana. Huko Gerezani nao wanauma jua likiwaka?"

Alikuwa Apolinaria, mjane wa Ipole, Mmoraviani, mwenye kurithi mizinga ya marehemu mumewe na kuwashinda wanaume kwa asali. Alikuwa safarini, anapita Tabora tu kwenda kupanda treni, akakutana njiani na majirani zake wanarudi mikono mitupu huku wanaimba. Aliwauliza nta iko wapi. Wakamwambia iko njiani. Ndiyo akaja kuitafuta.

"Shikamoo mama," alisema Masolwa, akiivuta tarbushi chini.

"Marahaba, mtani wangu. Nami nimekuja kujifunza. Hiki chenye kaniki ndicho Pindua?"

"Ndicho. Usisogee."

"Na huyo anayeonekana kichwa chini, anapinduka kweli? Hata kama hataki?"

Watu walikuwa wameanza kukusanyika kwa vitumbua, na Masolwa akiona watu wamekusanyika ulimi wake haushikiki. "Hata kama hataki!" alisema kwa sauti. "Hata akiwa jumbe, hata akiwa mimi mwenyewe Mwinyi Kondo! Pindua hakina ndugu!"

"Hata akiwa wewe mwenyewe," alirudia Apolinaria taratibu, akawageukia wale wanunuzi wa vitumbua. "Mmemsikia mtani wetu?"

Walimsikia. Apolinaria akaaga kwa adabu zote, akaenda zake, na siku nzima ile alionekana akizunguka kutoka nyumba hadi nyumba, kwa watu wa Ipole walio mjini, kwa wakulima wa Kipalapala, hata kwa watu wa reli.

Ijumaa mchana, treni ikiwa imeshasikika ikipiga honi kwa mbali, Masolwa alikuwa amekwisha pakia. Nta yote ilikuwa kwenye rikwama, imefunikwa majani. Baiskeli ilikuwa juu yake, imefungwa kamba. Alibakiza Pindua tu mkononi. Mara mlango wa uani ukafunguka, akaingia Apolinaria, na nyuma yake wazee, akina mama, wanaume wenye majembe, na mbele yao wawili wamebeba debe zima la asali, asali ile ya Ipole inayong'aa.

"Mtani, unasafiri?"

"Naupeleka ukweli stesheni, mama, ukapokee wenzake."

"Vizuri. Mimi nina adui yangu. Nataka nimlete mbele ya Pindua. Malipo ndiyo hili debe."

Kama ungekuwa wewe ungekimbia, mimi ningekimbia. Lakini ile asali ilikuwa inanukia ua mzima, na Masolwa alikuwa na njaa ya tangu asubuhi na tamaa ya tangu kuzaliwa. Akakiegemeza Pindua ukutani na kaniki yake.

"Mlete upesi. Asimame hapa."

"Hapa wapi? Mimi mshamba, sijui mambo ya vioo. Karibu na ukuta?"

"Si ukutani! Huku, mbali kidogo."

"Hapa?"

"Hapana mama! Hapa! Hapa hapa niliposimama mimi!"

"Ahaa," alisema Apolinaria, akaivuta kaniki.

Ua mzima uliona. Mwinyi Kondo wa Gerezani alikuwa ndani ya Pindua, tarbushi chini, viatu mbinguni, mdomo wazi. Kisha Apolinaria akaweka mikono kichwani akapiga yowe lililosikika mpaka sokoni.

"Uwiii! Mtani wetu jamani! Mtani wetu amekufa!"

"Sijafa!" alisema Masolwa.

"Maiti inasema!" alishangaa mzee wa Kipalapala.

"Ndivyo walivyo Wazaramo," alijibu mwingine. "Roho inatoka, domo linabaki."

Wakamdaka. Walimlaza chini kwa heshima, mmoja akamvua viatu akavivaa, mwingine akavaa tarbushi, wa tatu akachukua miwani na kupenyeza kidole kwenye tundu za vioo. Wenye majembe wakachimba shimo dogo pale uani, na mzee wa Kipalapala akaingia akajilaza humo, akatangaza kwamba hatoki mpaka apewe kuku wa marehemu. Bi Batuli, bila kuulizwa, akaleta ndoo ya maji ya kisima na shuka la marekani.

"Nilikwambia usiungulie kwangu," alisema, akammwagia maji yote.

Masolwa akaruka akiwa ameloa chapachapa. "Mama!" alimlilia Apolinaria, na sasa alikuwa anasema Kinyamwezi safi. "Niache! Mimi si Mzaramo! Mimi si mtani wenu, mimi ni mtoto wenu! Mimi ni Masolwa wa Tura!"

Apolinaria akamtazama, tena akamtazama kuliko ilivyohitajika, kama mtu aliyesikia jina analolijua.

"Masolwa wa Tura," alisema. "Ehe. Basi nisikilize, mwanangu. Kama wewe ni Mzaramo, umekufa, na watani wako tunakuzika kwa furaha, hakuna kesi. Kama wewe ni Masolwa wa Tura, u mzima, na ni mtoto wa nyumbani aliyewaibia mama zake nta, huyo tunampeleka barazani kwa mtemi sasa hivi. Mimi sikulazimishi. Chagua."

Masolwa aliwatazama wale watu wote. Alilitazama shimo. Kisha akalala chini taratibu, akajifunika shuka mpaka shingoni.

"Nimekufa," alisema.

"Mungu amlaze pema," alisema Apolinaria. "Watani, chukueni chenu."

Kila mtani akachukua cha marehemu, na kwa bahati ya ajabu kila mmoja akaangukia kile kile alichokuwa amekileta. Pindua akakichukua Bi Batuli, akakitundika pale anapouzia, na tangu siku hiyo hakuna mteja aliyethubutu kusema kitumbua chake kidogo. Rikwama ikafunguliwa kamba, na baiskeli akaishika Apolinaria mwenyewe, mkuu wa msiba.

Hapo ndipo Mzee Mfaume alipoingia mbio, jasho likimtoka, amekibeba Neema mgongoni. Jora lake alikuwa amelipima tena na tena, na lilikuwa lile lile, isipokuwa panya walikuwa wamelipunguza.

"Chukua kioo chako!" alimpigia kelele maiti, akakitupa juu ya shuka. "Na hiyo baiskeli ni yangu!"

"Ilikuwa ya marehemu," alisema Apolinaria. "Ulimpa mwenyewe. Sasa ni ya watani. Wewe ni mtani?"

"Mimi... mama yangu Mnyamwezi! Wa Kwihara!"

"Eti?" Bi Batuli alishika kiuno. "Si juzi tu ulikuwa Mwarabu wa Muskati hapa hapa? Muskati wana utani na Wazaramo tangu lini?"

Watu walicheka mpaka mzee wa kaburini akatoka mwenyewe bila kuku. Mfaume akaondoka kwa miguu, na inasemekana tangu siku ile alianza kumtaja mama yake.

"Wazaramo huzikwa kwao," aliamua Apolinaria. "Mpandisheni treni."

Wakamweka kwenye rikwama yake mwenyewe, kioo kifuani, wakamsukuma hadi stesheni wakiimba nyimbo za kumtukana ambazo siwezi kuziandika. Karani yule wa reli alitaka kujua kama maiti ina tikiti. Akapewa kile kioo cha Cheo. Alipojiona alivyokuwa mrefu, akawafungulia behewa la mizigo, na akapiga saluti.

Safari nzima Masolwa alikaa gizani kati ya magunia ya ngozi. Mbele yake, mtu fulani alikuwa ameipakia baiskeli. Ile ile! Akanyoosha kidole akaigusa kengele, ikalia kidogo, naye akalia kidogo. Kioo kilikuwa chake, shuka lilikuwa lake, basi.

Treni ikapunguza mwendo. Kwenye ufa wa mlango akaiona Tura, na akamwona Koleta na ungo wake wa karanga, anaangaza macho dirisha kwa dirisha. Magunia yalikuwa mengi. Angejificha, nani angejua? Alikuwa ameapa: kwa baiskeli au hashuki. Alishika gunia moja akalivuta. Kisha akayakumbuka maneno ya nyuma ya ghala, na safari hii akayasikia yote, na akaona haya kuliko alivyoona haya mbele ya Tabora nzima. Akaliachia gunia, akajitwika kioo mgongoni, akashuka peku, na sanda yake.

"Maiti inashuka!" walipiga kelele abiria, na wawili wakapita dirishani.

Karanga zilimwagika kweli, hilo alilipata. Koleta alisimama akimtazama kutoka kichwani mpaka vidole vya miguu.

"Umechelewa," alisema.

"Nimekuja bila baiskeli."

"Naona. Na juma lile nilikuona pia. Uliingia chini ya benchi, miguu ukaiacha nje." Machozi yalikuwa yanamlengalenga na anacheka. "Tulijua uko Tabora. Ndiyo baba akampelekea habari shangazi aje."

Mzee Shilinde alikuwa amesimama nyuma yake na fimbo. Lakini hakuwa anamtazama Masolwa. Alikuwa anamtazama mama aliyeshuka behewa la tatu, aliyekuwa anaelekeza namna ya kuteremsha baiskeli bila kuikwaruza.

"Dada!" aliita. "Karibu Tura! Na hiyo baiskeli?"

"Urithi," alisema Apolinaria. "Nimefiwa na mtani."

Masolwa akatamani behewa limrudie.

"Pole sana," alisema Shilinde. "Basi, dada, kijana mwenyewe ndiye huyu. Kumbe mmesafiri treni moja. Mtazame kwanza, usiwe na haraka."

"Nimeshamtazama," alisema Apolinaria. "Nimemtazama amesimama, nimemtazama kichwa chini, na nimemtazama amekufa. Tangu ukoo wetu uanze kuoza mabinti, hakuna mchumba aliyetazamwa hivyo." Akamzunguka Masolwa taratibu. "Ni mwongo. Lakini nilikuwa dirishani hapo nyuma, nikisubiri nione kama atashuka. Ameshuka. Nitaondoka naye kwenda Ipole, atundike mizinga mitini msimu mzima, kisha tutazungumza. Huko atajifunza kunyamaza, maana nyuki hawana utani. Baiskeli nitaileta siku ya harusi, aipande Koleta."

"Na yeye?" aliuliza Shilinde.

"Yeye atatembea. Ameshazoea."

Masolwa alipiga magoti pale pale kwenye kokoto, akakutanisha viganja, pa, pa, pa, zote tatu, na hakuna aliyemsikia akitaja mbu.

Koleta alikuwa amekichukua kile kioo mgongoni mwake, akakigeuza, akakifuta vumbi kwa kanga. Akajitazama. Akaona mashavu yamejaa, na tumbo, mamangu, tumbo liko mbele kabisa.

"Masolwa! Hiki nacho ni nini?"

Mdomo wa Masolwa ukamponyoka kabla hajauwahi. "Huo ni ukweli ulio njiani."

Shangazi akamnyang'anya Koleta kioo, akakipindua uso chini.

"Hiyo treni," alisema, "haijatoka hata Dar."